Paa la Ma Koleta

Mmeniuliza, wenzangu wa kazi, kila mmoja kwa wakati wake, kwa nini nilirudi kutoka Kishanda na makopo ya filamu yakiwa yamefungwa vilevile kama nilivyoondoka nayo. Baadhi yenu niliwajibu kwamba mvua zilizidi. Mvua zilikuwepo kweli, lakini sizo zilizonizuia. Sasa nimeona niiandike safari nzima kwa mpigo mmoja, maana nikiisimulia kwa vipande nitaanza kuipamba. Kupamba ndiyo kazi iliyonilisha tangu tupate Uhuru.

Kwa wasiofahamu, nitaanza na filamu yenyewe. Miaka mitatu kabla ya safari hii nilipelekwa Mkoa wa Ziwa Magharibi kutengeneza filamu ya vijiji vya ujamaa. Mnaikumbuka. Sehemu yake iliyosifiwa kuliko zote ni ya mjane mmoja wa Kishanda, Ma Koleta, akiezua kwa mikono yake nyasi za nyumba yake ya msonge ili ahamie kijijini. Anafanya kazi huku akisema maneno kwa Kihaya, na juu ya maneno hayo mnasikia sauti yangu: "Naiacha nyumba ya giza kwa hiari yangu. Kesho nitaamka karibu na shule na maji." Filamu hiyo ilipelekwa nje, ikaleta cheti ambacho mpaka leo kimetundikwa ukutani ofisini. Safari hii niliagizwa nirudi kwa Ma Koleta nimpige picha katika maisha yake mapya. Mpiga picha wetu alikuwa ameitwa kwenye ziara ya viongozi, kwa hiyo nilikwenda peke yangu na kamera ndogo na kinasa sauti.

Dar es Salaam hadi Mwanza

Katika behewa nilikaa na bwana shamba mmoja aliyekuwa akirudi kazini Mwanza, Ndugu Marwa, mtu mpana, mcheshi, aliyevua viatu kabla treni haijatoka stesheni. Saranda tulinunua kuku wa kuchoma dirishani, tukala kwa mikono mpaka vidole vikang'aa mafuta. Alipoona lile sanduku la kamera aliniuliza kazi yangu, nikamwambia. Kumbe filamu yangu alikuwa ameiona chuoni kwao.

"Yule mama," alisema, "nilimwonyesha mke wangu mfano wake. Mlimpataje?"

"Tulimkuta akibomoa," nikajibu. "Sisi tulifungua kamera tu."

Huo ulikuwa uongo, na niliutamka kwa wepesi wa mtu aliyekwisha kuutamka mara nyingi. Ukweli ni kwamba tulizunguka Kishanda siku nzima tukitafuta nyumba inayofaa. Ya Ma Koleta ilikuwa juu kidogo ya mteremko, jua la asubuhi likiipiga usoni, migomba nyuma yake, bonde mbele. Nilimwomba, kupitia mwalimu wa shule aliyekuwa mkalimani wetu, atoe nyasi kidogo upande wa mbele kwa ajili ya picha. Alitoa. Nikaomba zaidi. Kila nilipoangalia kwenye kamera niliona ingependeza zaidi ikiendelea, na majirani wakaitwa kusaidia. Kufika saa sita mchana nyumba ilibaki fito tupu. Wingu la mvua likatanda, tukakimbiza vyombo ndani ya Landrova, tukaondoka. Kwa muda wote huo niliamini kwamba alikuwa kwenye orodha ya kuhama, na kwamba tulichofanya ni kuwahisha tu siku.

Tabora tulikaa siku nzima na zaidi tukisubiri kichwa cha treni cha kutuvuta kwenda Mwanza. Watu walishuka wakafua nguo, wakaanika kwenye uzio wa stesheni. Ndugu Marwa alinunua asali katika chupa, akaniambia nionje kwa kidole, kisha akawaita abiria wa behewa la pili waje wamwone mtengenezaji wa ile filamu. Walikuja. Nilisimama pale Tabora nikieleza kuhusu mwanga na pembe za kamera, na jinsi sanaa inavyoweza kulitumikia taifa, na walinisikiliza vizuri. Nikikumbuka siku ile natamani kile kichwa cha treni kingefika mapema.

Ziwani

Meli kutoka Mwanza ilijaa. Nilipata nafasi ya kukaa juu ya magunia, karibu na mama mmoja mfanyabiashara aliyekuwa anarudi Bukoba. Asubuhi, vilima vilipoanza kuonekana, alifungua kifurushi cha majani ya mgomba akanipa punje mbili za kahawa iliyochemshwa na kukaushwa. Nilidhani ni dawa ya kichefuchefu, maana uso wangu ulionyesha kwamba naumwa. Nikazimeza na maji kama vidonge.

Akawaambia wenzake jambo kwa Kihaya na wote wakacheka, halafu akanigeukia. "Hii inatafunwa, kaka. Anayekupa anakukaribisha. Sasa wewe umemeza karibu yangu bila kuionja."

Nikaomba msamaha, akanipa nyingine, nikatafuna. Ni chungu kwanza, kisha kinywa kinabaki kitamu. Alinionyesha Bukoba kwa kidole, kanisa kuu na maghala ya kahawa, tukashuka tukiwa marafiki.

Hamugembe

Bukoba nilifikia mtaa wa Hamugembe kwa Twaha, fundi cherehani, ambaye alikua pamoja na kaka yangu Tanga kabla ya kufuata kazi Bukoba na kuoa hukohuko. Mkewe, Mama Saada, ni Mhaya, Mwislamu wa hapohapo mjini. Nyumba yao iko katikati ya migomba. Ukinyoosha mkono dirishani unagusa jani. Walinipikia ndizi zilizochanganywa na maharage, na samaki sato kando, na nilikula mpaka Twaha akasema kaka yangu hakunifundisha adabu.

Baada ya chakula cha mchana Mama Saada alileta chai, akakaa. Ni mwanamke anayesema taratibu.

"Shemeji, nikuulize jambo la ile filamu?"

"Niulize."

"Yule mama anayeezua nyumba. Unajua anasema nini?"

"Anasema amekubali kuhama kwa hiari yake."

"Hiyo ni sauti yako. Nauliza ya kwake. Iko chini, lakini inasikika."

Nilianza kueleza kwamba katika filamu za namna hiyo msimulizi hutoa kiini cha maneno. Alinisubiri nimalize.

"Anasema hivi: 'Hawa wakimaliza picha yao wataezeka leo leo? Maana mawingu yale ni ya mvua.' Halafu anasema, 'Mwalimu, hebu waulize.' Hapo ndipo wewe unaanza habari ya maji."

Twaha aliweka kikombe chini. "Labda Kihaya cha huko Kishanda, upande wa Muleba, kina tofauti kidogo," alisema, akijaribu kunisaidia.

"Mama yangu ni wa huko," mkewe akajibu. "Hakuna tofauti hapo."

Niliuliza kama watu wengine walielewa. Akasema filamu ilipoonyeshwa Bukoba ukumbi ulijaa, na vijana walicheka sana sehemu ile, maana ilikuwa kama mchezo wa kuigiza, mama anauliza hili na bwana anajibu lile. "Wazee hawakucheka," alisema. Kisha akanimiminia chai nyingine.

Nataka mwelewe jambo moja. Katika chumba cha kuhariri nilisikiliza ile sauti ya Ma Koleta labda mara hamsini. Niliipunguza na kuipandisha. Nilipenda jinsi inavyopanda mwishoni. Nilimwambia mhariri aiache kidogo isikike, ina hisia. Ilipanda mwishoni kwa sababu lilikuwa swali. Hapa Dar wako Wahaya wengi. Mmoja ana duka mtaa wa pili kutoka ofisini kwetu. Sikumwita aje asikilize hata kwa dakika tano, kwa sababu maneno niliyoyataka nilikuwa nimekwisha kuyaandika.

Bukoba hadi Muleba

Basi la Muleba liliondoka Bukoba likiwa limechelewa kwa saa mbili, na mbele kidogo ya Kemondo likazama kwenye tope mlimani. Tukashuka wote. Wanaume walisukuma, wakateleza, wakasukuma tena, kisha dereva akasema tungoje barabara ikauke.

Mtu mmoja aliniuliza ndani ya sanduku mna nini. Tangu Hamugembe nilikuwa naogopa swali hilo. Nikasema mna vifaa vya cherehani, mimi ni fundi. Sijui kwa nini nilichagua hilo. Nadhani ni kwa sababu nilikuwa nimetoka kwa Twaha. Mwanamke aliyekuwa amekaa kwenye jiwe akainuka saa ileile, akaenda ndani ya basi, akarudi amebeba kichwa cha cherehani kimefungwa kwenye kanga. Alikuwa amekiacha kwa fundi Bukoba siku tatu, fundi akashindwa.

"Mungu amekuleta," aliniambia.

Nilipiga magoti kwenye majani mbele ya abiria wote nikaitazama ile mashine. Nilizungusha gurudumu. Nilitumia bisibisi yangu ya kamera kutoa skrubu moja ndogo, kwa sababu watu walikuwa wanatazama na ilibidi nifanye kitu. Kijichuma kikaruka, nikakitafuta kwenye nyasi, nikakipata, na sikujua kinarudi wapi.

"Mama," nikasema, "mimi si fundi."

Alinitazama bila hasira. "Ungesema mapema," akasema. Alipokea kile kijichuma, akakifunga kwenye pindo la kanga, akakaa tena kwenye jiwe lake. Baada ya muda akanimegea ndizi ya kuchoma. Tulikula tukiangalia tope, na hakuniuliza tena sandukuni mna nini.

Muleba

Afisa aliyenipokea Muleba alikuwa kijana nadhifu mwenye kalamu mbili mfukoni. Alikuwa ameandaa kila kitu. Ma Koleta angepewa kanga mpya, angechota maji kwenye bomba jipya, angesema maneno machache. Maneno yenyewe alikuwa ameyaandika kwenye karatasi.

Nikamuuliza kibanja chake cha zamani kimekuwaje. Kwa Wahaya, kama sikosei, kibanja ni nyumba na migomba na kahawa na makaburi kwa pamoja. Huwezi kutaja kimoja ukaacha vingine.

"Sasa ni shamba la kijiji. Tumepanda mihogo."

"Na wenzake wa mteremko ule walihamia wapi?"

"Hawakuhama," alisema. "Upande ule haukuwa kwenye orodha. Pale nyumba zimebanana tangu zamani, utamhamisha nani umpeleke wapi? Ndiyo maana tulimsifu yule mama. Alijitolea mwenyewe, akabomoa. Sisi tuliona nyumba haina paa na gari la serikali limetoka pale, tukampa kiwanja kijijini. Bila ile filamu yako, ndugu, tungesema amechanganyikiwa."

Kwa hiyo hakuwa kwenye orodha. Nilikuwa na nafasi pale ya kusema. Chumba kilikuwa na watu wawili tu, mimi na yeye, na mlango umefungwa. Nilikunywa chai yake, nikapokea ile karatasi ya maneno, nikaikunja vizuri, nikasema, "Asante, ndugu."

Muleba hadi Kishanda

Lori la ushirika lililokuwa linakusanya kahawa lilinichukua mpaka njia panda. Kutoka pale nilitembea. Mwalimu Deogratias, yule mkalimani wetu wa zamani, alikuja kunipokea njiani akisukuma baiskeli, akanifungia sanduku nyuma yake. Mvi zilikuwa zimeanza kumtoka. Tulisalimiana, tukaanza kutembea, nikamwambia niliyoyasikia Hamugembe.

"Wewe ulielewa alichokuwa anauliza," nikasema. "Kwa nini hukuniambia?"

Alisimamisha baiskeli. "Nilikuambia."

"Siku ileile?"

"Palepale. Nilikuja nyuma ya kamera nikasema, 'Mama anauliza kama mtamwezekea.' Ukanijibu, 'Subiri kwanza, mwalimu, mwanga unaondoka.'"

Sikukumbuka kabisa, na nilijua kwamba ni kweli, kwa kuwa ndivyo ninavyosema. Mmefanya kazi nami, mnajua.

"Na mimi nikasubiri," aliendelea. "Mlipoondoka nilitaka watu waezeke, lakini mwenyekiti akasema kama serikali imeondoa paa, nani atalirudisha? Nina mke na watoto, nilinyamaza." Akaanza kusukuma tena. "Namfundisha mjukuu wake. Kila siku akiniita mwalimu nasikia vibaya."

Njiani aliniambia lililobaki. Mume wa Ma Koleta amezikwa kwenye kile kibanja, na mihogo imepandwa mpaka ukingoni mwa kaburi. Ardhi ile ilikuwa ya ukoo wa mume. Ma Koleta aliishikilia kwa ajili ya wanawe. Shemeji yake mkubwa, Ta Klemensi kama wanavyowaita wazee wao kwa heshima, alikuwa safarini siku tulipopiga picha. Aliporudi akakuta fito, na mwaka uliofuata gari la sinema lilipokuja Muleba akamwona mke wa ndugu yake akibomoa nyumba ya marehemu huku sauti ya Kiswahili ikisema ni kwa hiari yake. Tangu siku hiyo hakumsemesha tena. Mama alieleza kwamba aliamriwa, naye akajibu kwamba ameona kwa macho yake.

Kwa Ma Koleta

Nyumba aliyopewa iko kwenye mstari na nyingine, ya udongo, bati juu, uwanja umefagiwa. Migomba michache imepandwa nyuma, bado myembamba. Tulimkuta nje akichagua maharage kwenye ungo. Alikuwa amevaa kanga mpya, na nikaelewa kwamba afisa alikuwa amekwisha kutuma ujumbe. Alinitambua mara moja. Aliinuka, akaingia ndani, akatoka na punje za kahawa kwenye kisahani, akanipa kwa mikono miwili. Nilizitafuna.

Kisha akaniuliza kwa Kiswahili, polepole, kama mtu aliyejizoeza sentensi yake: "Leo unataka nivunje ipi?"

Hakuwa akinikejeli. Aliangalia bati, akaangalia migomba yake, akangoja jibu.

Nilikaa chini kwenye mkeka. Nilimwomba mwalimu atafsiri kila neno, asipunguze. Nikamwambia kwamba siku ile sikutumwa na mtu yeyote kuvunja nyumba yake. Serikali haikuiagiza, na jina lake halikuwa kwenye orodha yoyote. Niliomba mimi, kwa ajili ya picha, kisha nikaondoka.

Mwalimu alipomaliza, Ma Koleta aliendelea kuchagua maharage. Alitoa mawe mawili, akayatupa. Alipoanza kusema, alisema kwa Kihaya, akimwangalia mwalimu.

"Anasema," mwalimu akatafsiri, "miaka mitatu amekuwa akijiuliza kosa lake. Nyumba zilikuwa nyingi, kwa nini yake peke yake? Alidhani labda mumewe alikosana na mtu ofisini. Alidhani labda ni kodi ya zamani. Alikwenda mpaka kwa padri kuungama, akakosa la kuungama. Anauliza, kwa nini ulichagua yake?"

Ningeweza kusema neno lolote. Nikasema kweli. "Jua la asubuhi lilikuwa linaipiga vizuri."

Mwalimu alisita. Ma Koleta akamwambia atafsiri. Alipotafsiri, mama akamwomba arudie, kama vile hakusikia vizuri, na mwalimu akarudia.

Mama akauweka ungo chini.

"Jua," akasema kwa Kiswahili.

"Ndiyo, mama."

Aliingia ndani akafunga mlango. Tulikaa pale nje muda mrefu. Kuku walikuja wakala maharage kwenye ungo, mwalimu akawafukuza, wakarudi. Hatimaye mlango ukafunguliwa. Alikuwa amevua ile kanga mpya na kuvaa ya kila siku.

"Twende kwa Ta Klemensi," alisema. "Ukamwambie yeye hilo la jua."

Ta Klemensi alikuwa mzee mrefu, mkavu, aliyetusikiliza akiwa amesimama, na hakutukaribisha kukaa. Ma Koleta alisimama mbali, kwenye ukingo wa migomba. Nilirudia yote. Mzee aliuliza swali moja tu: kama picha ile ilionyeshwa Muleba mbele ya watu wote, kwa nini mimi nasema ukweli huu hapa uani, mbele ya migomba?

"Utayasema Jumapili, watu wakitoka misa," alisema.

Jumapili

Baada ya misa watu wa Kishanda hawatawanyiki haraka. Husimama nje ya kigango, kanisa lao dogo, wakisalimiana, na matangazo husomwa hapo. Katekista alisoma yake, kisha akasema kuna mgeni. Nilikuwa nimeandika hotuba siku mbili. Nilizungumzia mwanzoni juu ya umuhimu wa filamu katika kujenga taifa changa, na jinsi msanii anavyobeba mzigo mkubwa. Mwalimu Deogratias alitafsiri sentensi mbili za kwanza, kisha akaniegemea sikioni.

"Ndugu," akasema, "hayo hawakuyaulizia."

Nikaikunja karatasi. Nikasema kwa maneno machache. Nikasema Ma Koleta hakuiacha nyumba ya mumewe. Aliniazima paa kwa picha na mimi sikulirudisha. Nikasema maneno yanayosikika kwenye filamu ni yangu, si yake, na maneno yake halisi nikayataja kama Mama Saada alivyonieleza. Mzee mmoja alivua kofia akaivaa tena. Ta Klemensi alipita katikati ya watu akaenda mpaka alipokuwa shemeji yake, akamsalimia kwa jina. Ma Koleta akaitikia. Ndivyo ilivyokuwa, salamu tu, lakini wanawake waliokuwa karibu naye walianza kujifuta macho kwa pindo za kanga.

Kurudi

Jumatatu afisa wa Muleba alikuwa na habari zote. Hakunigombeza. Alisema tu kwamba ameshangaa, kwamba nilikuwa na nafasi ya kumwambia faragha ofisini kwake na nikachagua kumwaibisha kanisani. Hapo alisema kweli. Niliuliza kama kile kibanja kinaweza kurudishwa. Akasema mihogo ni ya kijiji, na suala hilo lingehitaji vikao, na kwa kuwa kwenye filamu inaonekana alijitolea, vikao vingekuwa vigumu. Niliandika maelezo kurasa mbili, nikatia saini, akayaweka kwenye jalada. Mpaka naondoka yalikuwa humo.

Ta Klemensi ametoa upande wa kibanja chake mwenyewe, migomba na miti michache ya kahawa, akampa shemeji yake alime. Nyumba huko hajajengewa. Mwalimu ameniandikia barua kunieleza hayo.

Ma Koleta alinisindikiza mpaka njia panda, mwalimu akiwa pamoja nasi. Sikutegemea angekuja. Nilimwomba msamaha tena. Hakusema amenisamehe, wala hakusema hajanisamehe. Aliuliza kupitia mwalimu kama ile picha bado inatembea.

Nikasema bado. Nakala ziko nyingi, nyingine nje ya nchi.

"Basi na wewe tembea nayo," alisema. "Kila inapofika, useme kama ulivyosema Jumapili."

Nikaitikia, lori la kahawa likaja.

Mnajua yaliyonipata ofisini. Nimetolewa kwenye utengenezaji, napanga makopo stoo, na sina la kulalamika. Ambalo hamjui ni hili. Tangu nirudi, filamu imeonyeshwa hapa Dar mara mbili. Mara ya kwanza nilituma salamu kwamba naumwa. Mara ya pili nilikwenda, nikakaa safu ya mwisho. Taa zikazimwa, nyumba ikaonekana na jua lake, Ma Koleta akaanza kuvuta nyasi, akauliza swali lake, na sauti yangu ikaja juu yake, nzuri, yenye uhakika. Ukumbi ulikuwa kimya. Nilishika mikono ya kiti ili nisimame. Mgeni aliyekaa kando yangu akaniinamia, akaninong'oneza kwamba hiyo ndiyo sehemu anayoipenda, nami nikamwambia asante.